Mwongozo kamili wa kuomba malezi ya mtoto mahakamani, Tanzania Bara

Wazazi wengi wanaokuja kwetu wasaidizi wa kisheria huja wakiwa wameshakwama. Shauri limetupwa kwa sababu lilifunguliwa mahali pasipo pake, au limesikilizwa wakashindwa, na hawaelewi kwa nini. Ukisoma jalada unakuta kurasa tano za nyumba ndogo, matusi ya mawifi na ugomvi wa kiwanja, halafu mistari minne tu inayomhusu mtoto mwenyewe.

Hakimu hamtoi mtoto kama fidia kwa mzazi aliyeonewa. Anataka kujua mtoto huyu atalala wapi, nani atamwamsha, atasoma shule gani, na akipandwa na homa usiku wa manane nani atambeba kumpeleka hospitali. Mzazi mwenye majibu ya maswali hayo, tena yenye ushahidi, ndiye mwenye shauri. Hatua zote zilizo hapa chini zinajengwa juu ya jambo hilo.

Mwongozo huu unafuata Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 na Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009, ambazo ni za Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria yake ya watoto ya mwaka 2011 pamoja na Mahakama za Kadhi, kwa hiyo msomaji wa Unguja au Pemba aanzie huko.

## Vitu vya kuwa navyo kabla hujatoka nyumbani

- Cheti cha kuzaliwa cha kila mtoto. Kama hakipo, chukua tangazo la kizazi au kadi ya kliniki, na uanze kufuatilia cheti RITA (wakala wa serikali wa usajili wa vizazi) au ofisi ya wilaya mara moja.
- Cheti cha ndoa, kama mlifunga ndoa.
- Kitambulisho chako na barua ya mwenyekiti wa serikali ya mtaa au kijiji inayoonyesha unakoishi.
- Hati ya baraza la usuluhishi la ndoa, ile ambayo wengi huiita fomu namba tatu, kama unadai na talaka.
- Ripoti za shule, stakabadhi za michango na sare, na barua ya mwalimu wa darasa ikiwezekana.
- Kadi ya kliniki na karatasi za matibabu.
- Kumbukumbu za fedha: ujumbe wa miamala ya simu, risiti za duka la dawa, kodi ya nyumba.
- Majina na namba za mashahidi watatu au wanne wanaomjua mtoto, si wanaokupenda wewe tu.
- Daftari moja la kawaida.

Hilo daftari wengi hulidharau, na ndilo linalosaidia kuliko vyote. Kila siku andika mistari miwili au mitatu, na tarehe juu. Mfano: "Jumatatu. Ameamka na kikohozi, hakwenda shule. Zahanati, dawa 8,500. Baba yake alipiga saa 2 usiku, wakaongea." Usiandike hasira zako humo. Andika kilichotokea, pamoja na mema ya mwenzako. Daftari linaloonyesha kwamba hata simu ya baba uliiandika humfanya hakimu aamini na zile siku ulizoandika kwamba hakupiga.

## Miaka saba: imani inayowaangusha wengi

Baba anakaa kimya miaka yote akisubiri mtoto atimize miaka saba, kisha anakwenda kumchukua shuleni akiamini sheria imeshampa. Mama naye, mtoto akiwa na miaka minne, hajiandai kabisa, kwa kuwa ameambiwa mtoto mdogo ni wa mama. Wote wawili wamepotoshwa.

Kifungu cha 125 cha Sheria ya Ndoa kinasema mahakama itadhani, mpaka ithibitishiwe vinginevyo, kwamba ni kwa manufaa ya mtoto wa chini ya miaka saba kuwa na mama yake. Dhana hiyo inaweza kuvunjwa kwa ushahidi. Kifungu hichohicho kinaiagiza mahakama ifikirie madhara ya kumyumbisha mtoto kwa kumhamisha hamisha. Kama mtoto wa miaka mitano amelelewa na baba na bibi yake tangu akiwa na mwaka mmoja na anaendelea vizuri, mama asitegemee umri peke yake.

Na hakuna mstari unaosema kwamba akifika saba ni wa baba. Akivuka umri huo dhana ya kumpa mama inaondoka, basi. Kinachobaki ni manufaa ya mtoto, na wazazi wote wanaanzia mstari mmoja.

Mahari nayo isikuchanganye. Sheria ya Ndoa inairuhusu mahakama kuangalia mila za jamii ya wahusika, lakini jambo la kwanza na kuu ni ustawi wa mtoto. "Sikulipiwa mahari, kwa hiyo mtoto ni wa kwetu" au "Nililipa ng'ombe, kwa hiyo mtoto ni wangu" ni maneno ya barazani. Mahakamani hayakufikishi mbali.

## Hatua ya 1: Hakikisha mtoto yuko salama, na usimnyakue

Kama mtoto anapigwa, ananyanyaswa kingono au ananyimwa chakula, usianze na ombi la malezi. Nenda Dawati la Jinsia na Watoto katika kituo cha polisi, chukua PF3 (fomu ya polisi ya kwenda nayo kutibiwa), mpeleke hospitali, kisha ofisi ya ustawi wa jamii. Ukiwa mbali, piga 116, namba ya bure ya huduma ya simu kwa mtoto. Nyaraka za polisi na hospitali zitakuja kuwa vielelezo vyako baadaye, lakini kwanza zinamwokoa mtoto.

Kama hakuna hatari ya namna hiyo, mwache mtoto alipo mpaka kuwe na makubaliano au amri. Kifungu cha 40 cha Sheria ya Mtoto kinakataza kumwondoa mtoto isivyo halali kwa mtu mwenye malezi yake kisheria. Hata pale ambapo bado hakuna amri yoyote, kumvizia mtoto getini mwa shule na kumpandisha basi la mkoani kunampa mwenzako hoja nzuri kuliko zote: kwamba wewe ndiye unayeyumbisha maisha ya mtoto.

Umefanikiwa katika hatua hii ukiwa unajua mtoto yuko wapi, yuko na nani, anakwenda shule, na hakuna polisi anayekutafuta wewe.

## Hatua ya 2: Pita kwa ofisa ustawi wa jamii

Ofisi yake iko halmashauri, na katika baadhi ya kata yuko hapohapo kwa mtendaji. Huduma yake hailipiwi. Atamwita mwenzako kwa barua, atawasikiliza wote, na mkielewana atawaandikia makubaliano ya malezi, matunzo na kuonana na mtoto.

Sababu za kuanzia hapa ni mbili. Mosi, migogoro mingi huishia hapa bila mtoto kusimamishwa mbele ya hakimu. Pili, ikishindikana, kutakuwa na jalada lenye tarehe linaloonyesha kwamba ulitafuta suluhu na mwenzako aliitwa akakaidi.

Tahadhari: makubaliano ya ofisini si amri ya mahakama. Mwenzako akiyavunja, huwezi kuyakazia kama hukumu. Yakishasainiwa, uliza namna ya kuyawasilisha mahakamani ili yawe amri.

Usiondoke bila nakala yenye mhuri. Ofisa akihamishwa kituo, nakala yako ndiyo itakayobaki.

## Hatua ya 3: Chagua mlango sahihi

Hapa ndipo mashauri mengi yanapofia, kwa hiyo soma taratibu.

Kama mmefunga ndoa na unataka talaka, malezi ya watoto yanaombwa ndani ya shauri hilohilo la talaka. Mahakama ya Mwanzo, ya Wilaya, ya Hakimu Mkazi na Mahakama Kuu zote zina mamlaka ya kusikiliza mashauri ya ndoa. Lakini kabla ya kufungua lazima mpite kwenye baraza la usuluhishi la ndoa, liwe la kata au la taasisi ya dini lenye mamlaka hayo. Likishindwa kuwapatanisha, linatoa hati. Hati hiyo isiwe imezidi miezi sita tangu itolewe hadi siku unapofungua shauri. Nimeona watu wakiitunza mwaka mzima kabatini wakisubiri mwenzao abadilike, kisha wakaanza upya.

Ipo misamaha. Kwa mfano, kama mwenzako amekutelekeza na hujui aliko, au anaishi nje ya nchi na hatarajiwi kuingia ndani ya miezi sita ijayo, baraza linaweza kurukwa. Eleza jambo hilo waziwazi ndani ya maombi, usimwachie hakimu abashiri. Na kama ndoa haijatimiza miaka miwili, kudai talaka kunahitaji kibali cha mahakama kwanza.

Kama hamkufunga ndoa, au mmefunga lakini hudai talaka, mlango wako ni Mahakama ya Watoto, kwa maombi chini ya Sheria ya Mtoto. Hapa hakuna fomu ya baraza. Sheria hii haijali kama mtoto alizaliwa ndani ya ndoa au nje yake. Mahakama ya Watoto mara nyingi haina jengo lake, inatumia majengo ya mahakama ya mwanzo, lakini inasimamiwa na Hakimu Mkazi. Kwa hiyo ukifika masijala usiseme tu "nina kesi ya mtoto." Sema: "Nataka kufungua maombi ya malezi Mahakama ya Watoto." Dar es Salaam, ile ya Kisutu ndiyo inayojulikana zaidi, na Temeke kuna Kituo Jumuishi kinachoshughulikia mashauri ya familia na mirathi, kuanzia ngazi ya mwanzo hadi Mahakama Kuu katika jengo moja.

Bibi, mjomba au shangazi anayelea naye ana nafasi. Kifungu cha 37 cha Sheria ya Mtoto kinamruhusu mzazi, mlezi au ndugu anayemtunza mtoto kuomba malezi. Hili ni muhimu sana kwa familia ambazo mama amekwenda Oman au Dubai kufanya kazi na mtoto kabaki kwa bibi. Bibi huyo akiambiwa "wewe si mzazi, huna neno," si kweli.

Kama baba anakana mtoto au mama anamkana baba, suala la uzazi linatangulia. Sheria ya Mtoto inakubali jina lililo kwenye usajili wa kizazi, sherehe za kimila alizofanya baba, kumkiri mtoto hadharani, au kipimo cha DNA. Kipimo hicho hufanyika kwa Mkemia Mkuu wa Serikali na huhitaji maombi rasmi, kama ya mahakama au ustawi wa jamii. Usijiendee mwenyewe na nywele za mtoto kwenye bahasha.

Mlango ni sahihi iwapo karani amepokea nyaraka bila kukuelekeza kwingine, na wewe mwenyewe unaweza kutaja kwa sentensi moja unaomba nini na chini ya sheria ipi.

## Hatua ya 4: Andika maombi yanayomhusu mtoto

Nyaraka unaweza kuandika kwa Kiswahili. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021, Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo usitozwe fedha ya "kutafsiri" na mtu wa kibandani nje ya mahakama.

Huna uwezo wa kumlipa wakili? Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria, na mashirika kama TAWLA, WLAC na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu huandaa nyaraka na kutoa ushauri bila malipo kwa wasio na uwezo. Nenda mapema, usiende siku moja kabla ya kesi.

Kifungu cha 39 cha Sheria ya Mtoto kinataja mambo ambayo mahakama itayaangalia. Yafanye yawe mifupa ya hati yako ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi unayoyaapia kuwa ni kweli:

1. Umri na jinsia ya mtoto.
2. Kwamba ni vyema mtoto awe na wazazi wake, isipokuwa kama haki zake zinavunjwa nao mara kwa mara.
3. Maoni ya mtoto, kama ameyatoa kwa uhuru wake.
4. Kwamba ndugu wa tumbo moja wasitenganishwe bila sababu.
5. Mwendelezo wa malezi: nani amekuwa akimlea hadi leo.

Chini ya kila kipengele weka ukweli wako na kielelezo chake. Badala ya "Mimi ni mama mwenye upendo," andika: "Mtoto anasoma darasa la pili, shule iko mwendo wa dakika kumi kutoka nyumbani, ninampeleka mimi asubuhi na dada yangu anamchukua saa nane. Ripoti ya muhula na barua ya mwalimu ni kielelezo A." Kama unafanya kazi ya zamu, sema nani anakaa na mtoto usiku. Ukificha, mwenzako atalisema, na litasikika vibaya zaidi kutoka kinywani mwake.

Makosa ya mwenzako yaandike pale tu yanapomgusa mtoto. Ulevi unaomfanya amsahau mtoto shuleni hadi magharibi, andika, na tarehe. Kwamba ana mwanamke mwingine Sinza, acha, labda kama mtoto anateswa katika nyumba hiyo.

### Weka ratiba ya kuonana humohumo

Kifungu cha 26 kinampa mtoto wa wazazi waliotengana haki ya kumtembelea na kukaa na mzazi wa pili, mradi ratiba isivuruge masomo. Haki hiyo ni ya mtoto. Mzazi anayeomba malezi na hapohapo akapendekeza jinsi mwenzake atakavyomwona mtoto anaonyesha kwamba anaielewa. Kwangu mimi huu ndio ukurasa wenye nguvu kuliko yote katika maombi, na karibu kila mtu huuacha wazi.

Andika vitu vya kushikika. Mfano: "Mtoto akae kwa baba wikiendi ya pili na ya nne ya kila mwezi, tangu Ijumaa saa 11 jioni hadi Jumapili saa 11 jioni. Likizo ya Juni akae kwa baba nusu ya kwanza. Likizo ya Desemba igawanywe, na sikukuu zipokezane mwaka hadi mwaka. Makabidhiano yafanyike kwa shangazi wa mtoto. Simu iwe kila Jumatano saa 1 usiku."

Amri inayosema tu "mzazi mwingine apewe nafasi ya kumwona mtoto" huzaa ugomvi mpya kila wikiendi. Nani anamleta? Saa ngapi? Nauli ya nani?

Kama kuna historia ya kipigo, omba mtoto aonwe ofisi ya ustawi wa jamii au mbele ya ndugu anayeaminika, na ueleze sababu.

### Matunzo: hesabu badala ya hasira

Matunzo yanaweza kuombwa pamoja na malezi. Usiandike "shilingi milioni moja kwa mwezi" kwa kuwa unajua mwenzako anazo. Orodhesha: chakula, kodi (sehemu ya mtoto), nauli, michango ya shule, sare, matibabu au bima, nguo. Jumlisha. Kisha onyesha wewe unachangia kiasi gani.

Mahakama huangalia kipato na mali za wazazi wote wawili, watoto wengine ambao kila mmoja anawatunza, na gharama za maisha mahali mtoto anapoishi. Ushahidi wa kipato cha mwenzako unaweza kuwa jina la mwajiri, picha ya duka, leseni ya biashara, pikipiki anazokodisha. Wenye kazi zisizo rasmi nao huagizwa kulipa.

Soma hati yako yote kwa sauti ukimaliza. Hesabu ni sentensi ngapi zinaanza na mtoto na ngapi zinaanza na mwenzako. Ikiwa za mwenzako ni nyingi, andika upya.

## Hatua ya 5: Fungua, peleka wito, omba amri ya muda

Nyaraka siku hizi husajiliwa kwenye mfumo wa kielektroniki wa Mahakama. Kama huna kompyuta, masijala au ofisi ya msaada wa kisheria itakusaidia. Kama kuna ada, hulipwa kwa namba ya malipo ya serikali tu. Anayekuambia umpe taslimu mkononi "aharakishe jalada" anakuibia.

Wito lazima umfikie mwenzako. Mpe mpeleka wito maelezo kamili ya anakoishi au kazini kwake, na jina la mwenyekiti wa mtaa. Wito usiofika ni sababu ya kawaida sana ya shauri kuahirishwa mwezi baada ya mwezi.

Shauri linaweza kuchukua muda. Kwa hiyo pamoja na maombi makuu, omba amri ya muda: mtoto akae wapi hadi hukumu, nani alipe nini, na ataonwaje. Kama una hofu ya kweli kwamba mtoto atatoroshwa nje ya nchi, Sheria ya Ndoa inaipa mahakama uwezo wa kuzuia asitolewe nchini. Eleza msingi wa hofu hiyo, kwa mfano ujumbe wa simu au tiketi, kisha nakala ya amri ipeleke Uhamiaji wewe mwenyewe.

Siku ya kwanza hutasikilizwa. Shauri hutajwa tu na kupangiwa tarehe. Hudhuria hata hivyo, maana asipoonekana mleta maombi shauri linaweza kufutwa.

## Hatua ya 6: Ofisa anapokuja nyumbani

Kifungu cha 45 cha Sheria ya Mtoto kinaiwezesha mahakama kumwagiza ofisa ustawi wa jamii afanye uchunguzi wa kijamii kabla ya kutoa amri ya malezi, matunzo au kuonana. Hakimu huizingatia taarifa hiyo anapoamua. Mara nyingi ina uzito kuliko maneno yako yote kizimbani.

Anaweza kuja nyumbani, akaenda shuleni, akazungumza na jirani na balozi, na akakaa na mtoto peke yake. Anaangalia mtoto analala wapi na nani, chandarua kipo, chakula kinapikwa na nani, choo kikoje, anamwendea nani akiumia.

Usiazime kochi la jirani. Chumba kimoja kisafi chenye kitanda cha mtoto, madaftari yake na mtu mzima anayejulikana anayebaki naye kinatosha. Umaskini peke yake haumnyimi mzazi mtoto, na ndiyo maana matunzo yapo. Kinachomtia ofisa shaka ni nyumba kubwa ambayo hakuna mtu anayejua mtoto anavaa kiatu namba ngapi.

Na tafadhali sana, usimfundishe mtoto maneno. Mtoto wa miaka sita anaposema "baba hachangii matunzo," ofisa anajua sentensi hiyo si yake. Sheria inampa haki ya kutoa maoni, na inataka maoni yatolewe kwa uhuru. Mwambie mtoto tu: "Kuna mtu atakuja kuongea nawe. Mwambie unachojisikia, hakuna atakayekasirika." Mwache hivyohivyo hata baada ya mahojiano. Usimuulize alichosema.

Taarifa ikiwasilishwa, omba uisome. Kama ina kosa, kwa mfano imeandikwa unaishi peke yako ilhali mama yako yupo, liseme mbele ya hakimu na ulete ushahidi.

## Hatua ya 7: Siku ya kusikilizwa

Mahakama ya Watoto huketi faragha, haina watazamaji, na mazingira yake si ya kutisha kama mahakama ya kawaida. Habari zinazoweza kumtambulisha mtoto hazitakiwi kutangazwa. Hii ina maana kwamba kurusha picha ya mtoto kwenye mtandao na maneno "wamemnyang'anya mwanangu" kunaweza kukuletea shauri jingine, na mwenzako atalileta kama kielelezo.

Jibu swali uliloulizwa. Ukiulizwa mtoto anakula nini asubuhi, jibu anakula nini asubuhi. Mwite hakimu "Mheshimiwa". Mwenzako akisema uongo, usimkatize. Andika, zamu yako ya kumhoji inakuja. Maswali yako yawe mafupi na ya mtoto: "Mwalimu wake wa darasa anaitwa nani?" "Alipolazwa, ulifika siku gani?"

Mashahidi wazuri ni mwalimu, muuguzi wa kliniki, jirani wa ukuta mmoja. Mama yako mzazi atakusifia, na hakimu anajua hivyo.

Hakimu anaweza kuzungumza na mtoto faraghani. Mlete akiwa ameshiba na amelala vya kutosha, pamoja na ndugu atakayekaa naye nje wakati ninyi mnabishana ndani.

## Hatua ya 8: Baada ya amri

Omba nakala ya uamuzi iliyothibitishwa, na siku hiyohiyo muulize karani muda wa rufaa ni siku ngapi na inapelekwa wapi. Siku hizo zinahesabika, na visingizio vya kuchelewa havipokelewi kirahisi.

Peleka nakala shuleni, kwa ofisa ustawi wa jamii na kwa mwenyekiti wa mtaa. Mwalimu mkuu akijua nani anaruhusiwa kumchukua mtoto na siku gani, mtoto hatavutwa mikono getini.

Malezi na matunzo ni amri mbili zinazojitegemea. Mwenzako asipolipa, huna ruhusa ya kumficha mtoto. Ukifichwa mtoto, huna ruhusa ya kuacha kulipa. Anayevunja amri rudi naye mahakamani kwa maombi ya kukaza amri, na hapo unaweza kuomba matunzo yakatwe kwenye mshahara au mali yake. Endelea na daftari lako: tarehe alizolipa, tarehe alizokuja, tarehe alizokosa.

Lipa na lipwa kwa njia inayoacha kumbukumbu. Fedha taslimu iliyokabidhiwa kituo cha basi haina shahidi.

Amri ya malezi si ya milele. Kifungu cha 133 cha Sheria ya Ndoa kinaruhusu ibadilishwe kama ilitolewa kwa maelezo ya uongo au makosa, au kama hali imebadilika kwa kiasi kikubwa: mzazi mwenye malezi amehamia mkoa mwingine, ameugua, mtoto amekua na anataka kwenda kwa mwingine, au kipato kimeporomoka. Usibadilishe mwenyewe kwa maneno ya simu. Hata mkikubaliana kwa amani kwamba mtoto ahamie kwa baba yake Januari shule zikifunguliwa, liandikeni, mlisaini mbele ya ofisa ustawi wa jamii, na mlipeleke mahakama iliyotoa amri ya kwanza ili irekebishwe kabla mtoto hajafungasha.